Harusi Ufukweni, Bibi Nje ya Geti

Ndugu wasomaji, na hasa ninyi waandishi wenzangu, mniwie radhi kama nitawakera. Najua wengine mko kwenye vikao vya harusi sasa hivi, na wengine kadi zimeshachapwa. Lakini jambo hili limenikaa kooni tangu Novemba ya mwaka jana, na mficha maradhi kifo humuumbua. Bora niseme.

Nasema hivi: mtindo huu wa kuitoa harusi nyumbani na kuipeleka hoteli ya ufukweni ni mtindo wa kuwafukuza watu kwa adabu. Maharusi wanadhani wanachagua mchanga na jua linalozama. Kumbe wanachagua watu. Ukishachagua geti, umeshachagua nani atapita na nani atabaki nje, hata kama hukumtaja mtu kwa jina.

Msiniambie naongea kwa wivu. Naongea kwa sababu nilikuwa katibu.

Nyumbani ni Pasiansi. Watu wa mbali wanaijua kwa chuo chake cha wanyamapori, au wanaipita tu ndani ya daladala za Airport. Sisi tunaijua kwa majirani. Nilimaliza kidato cha nne, matokeo hayakuwa ya kutamba, sasa mchana nauza kava na chaja za simu barabarani na usiku naandika riwaya kwenye daftari la kaunta. Dada yangu alipopata mchumba, kikao cha kwanza cha kamati kilinipa ukatibu bila hata kupiga kura, eti kwa sababu nina mwandiko mzuri na "huyu si ndiye mwandishi". Bichwa likavimba.

Shemeji anafanya kazi Dar es Salaam. Alikuja na picha kwenye simu: Nungwi, Zanzibar, bibi harusi pekupeku, bahari ya kijani, meza zenye vitambaa vyeupe zimepangwa mchangani. Akasema anataka harusi ya namna hiyo. Mjomba, ambaye ndiye mwenyekiti, akauliza swali moja tu: "Mkwe wangu, watu wetu tutawabeba na nini?" Kutoka Mwanza hadi Dar es Salaam kwa barabara ni zaidi ya kilomita 1,100, halafu hapo bado kuna boti. Kikao kikawa kimya. Ndipo mmoja akasema, kwani sisi hatuna maji? Ziwa si hili hapa! Ipo hoteli nzuri ufukweni, upande wa Ilemela, mwendo mfupi tu kutoka nyumbani. Kamati nzima ikapiga makofi. Na mimi nilipiga, tena kwa nguvu, kwa sababu sura ya mwisho ya riwaya yangu ilikuwa harusi ufukweni, na niliona sasa nitaiandika kwa kuona kwa macho.

Tulidhani tumewakomboa watu wetu kutoka Nungwi. Kumbe Nungwi tumeileta Pasiansi.

Tulikwenda kuikagua hoteli siku ya Jumanne, saa tano asubuhi. Bustani ya kijani, ziwa limelala kama limepigwa pasi. Tukapewa soda. Kisha tukapewa masharti, na mimi kama katibu nikayaandika moja baada ya jingine. Sahani moja shilingi 45,000. Vinywaji vya nje marufuku. Chakula cha nje marufuku. Mpigapicha wa nje analipiwa. Muziki mwisho saa sita usiku. Nafasi ni watu 150, na kila anayeingia awe na kadi na jina lake liwe kwenye orodha ya mlinzi.

Daftari langu lilikuwa na majina 310.

Hapo ndipo kikao kilipaswa kusimama na kujiuliza. Hakikusimama. Tulikuwa tumekwisha kuiona bustani. Mwenyekiti akaniambia, "Katibu, punguza," na nikarudi nyumbani kupunguza, kwa kalamu nyekundu, chini ya taa, kwenye meza ileile ninayoandikia riwaya.

Nataka mjue nilivyopunguza, kwa maana mambo haya hufanyika gizani. Kadi ya singo tuliiweka mchango wa 70,000, ya dabo 100,000. Aliyetimiza, akabaki. Aliyetoa pungufu, kalamu. Kuna mama lishe wa jirani yetu aliyemlea dada wakati mama yetu anaumwa. Alitoa 20,000, noti za elfu mbilimbili, akaomba radhi kwa uchache wake. Hotelini hiyo si hata nusu ya sahani. Kalamu. Kuna fundi baiskeli aliyempeleka dada shule kwenye kerea miaka miwili bila kudai hata senti. Kalamu. Kuna akina mama wauza dagaa pale Mwaloni, Kirumba, ambao ahadi zao walizitoa kidogokidogo kila wakitoka sokoni. Kalamu, kalamu, kalamu. Bibi yetu wa Ukerewe nilimwacha, naanzaje kumkata Bibi? Lakini wake watatu wa baba zangu wadogo, ambao husafiri naye kwa sababu macho yake yamefifia, niliwakata. Nilijiambia wataelewa. Na michango ya hao wote niliowakata, ndugu msomaji, hatukuirudisha.

Siku ikafika, Jumamosi ya Novemba. Bibi na wenzake walipanda meli asubuhi pale Nansio, kama saa tatu majini, wakashuka Mwanza mjini, wakapanda daladala hadi njia panda, wakamalizia kwa bajaji hadi getini. Bibi amevaa kitenge kipya. Mkononi ana kikapu, na ndani ya kikapu jogoo mweupe, miguu imefungwa kamba. Huyo jogoo ni wa bibi harusi, na ndivyo kwetu bibi mzaa baba anavyomtoa mjukuu wake.

Yaliyotokea hapo nilisimuliwa na mlinzi mwenyewe, kijana wa rika langu, na sina sababu ya kumshuku. Alimwamkia Bibi vizuri. Akatazama orodha. "Bibi, jina lako lipo. Ila hawa mama hawamo. Na huyo kuku haruhusiwi kuingia."

Bibi akamwambia, "Hawa ndio walionishika mkono kwenye meli. Nikiingia mimi, wao wakae wapi?"

"Bibi yangu, mimi nafuata karatasi tu."

"Karatasi kaiandika nani?"

Mlinzi akasoma chini ya karatasi. "Katibu wa kamati."

Katibu wakati huo alikuwa ndani, anabishana na mtu wa mapambo juu ya meza ya keki, muziki unapiga, simu iko mfukoni inaita haisikiki. Nilipoitoa nilikuta nimepigiwa mara saba. Nilikimbia getini. Bajaji ilikuwa imekwisha kuondoka.

Na harusi je? Harusi ilipendeza, sitaki kusema uongo. Jua lilizama ziwani kama tulivyolilipia. Lakini kabla ya hapo, alasiri, upepo ulitoka ziwani na kuangusha mapambo ya watu ya gharama. Jioni wadudu wadogo wa ziwani waliifuata taa na kujaa kwenye krimu ya keki. Mambo ya kawaida, kila mtoto wa Mwanza anayajua, ila kamati nzima iliyasahau kwa sababu ilikagua saa tano asubuhi. Ilipofika saa sita usiku muziki ukazimwa katikati ya wimbo.

Tuliporudi Pasiansi tulikuta uwanja wetu umejaa maganda ya ndizi, mafiga bado yana moto, na madumu yaliyopigwa kama ngoma yamelala kifudifudi. Wale wote niliowakata walikuwa wamekusanyika pale jioni. Bibi alipofika, mama lishe alipika ugali na sato, jogoo akachinjwa, wakaimba mpaka wakachoka. Walifanya harusi. Kilichokosekana ni bibi harusi tu. Asubuhi yake dada alikaa kwenye kigoda na gauni lake bado limetundikwa ukutani, akamsikiliza Bibi akimsimulia harusi yake mwenyewe, na akalia kilio ambacho sikukisikia hata siku tuliyomzika mama.

Sasa nawageukia wabishi, maana nawajua.

Wa kwanza atasema: harusi ni ya watu wawili, wengine wote ni wasindikizaji. Sawa kabisa! Tena sheria iko upande wako. Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971 inadai taarifa ya siku 21 kabla ya kufunga ndoa, na mashahidi wasiopungua wawili. Haidai keki, haidai mapambo, haidai mtu wa 150. Kama harusi ni ya wawili, nendeni wawili na mashahidi wenu wawili, kwa fedha zenu, Nungwi au popote, na mimi nitawapigia vigelegele. Ninachokataa ni kuitisha mchango kwa mama lishe wa Pasiansi kwa jina la "harusi yetu sote", halafu siku ikifika harusi inageuka ya wenye singo na dabo. Hiyo si harusi ya wawili. Huo ni utapeli uliovaa suti.

Na mbona tunaita watu 300 wakati sheria inatosheka na wawili? Ni kwa sababu ndoa itakuja kuumwa. Sheria hiyohiyo imeweka mabaraza ya usuluhishi wa ndoa, na kwa kawaida shauri la talaka halifiki mahakamani kabla ya kupita huko. Lakini kabla ya baraza kuna shangazi. Kuna jirani anayesikia sahani zikivunjwa saa nane za usiku. Kuna bibi anayesafiri kuvuka maji kuja kusema "nilikuwepo, niliwaona mkiahidi". Je, ataisemaje hiyo mtu uliyemwacha getini?

Wa pili atasema: harusi za nyumbani ni vurugu, watu wanagombania nyama, walevi wanaanguka, wasioalikwa wanajaza viti. Kweli, nimeziona. Lakini vurugu ya sufuria ina dawa, na dawa yake ni mama mmoja mwenye sauti na mwiko mkubwa. Ile 20,000 ya jirani, ambayo hotelini si nusu ya sahani, nyumbani ni kilo kadhaa za mchele, na mchele huo ukiingia kwenye sufuria moja na wa wenzake unalisha yeye, wanawe na wageni wasiojulikana. Kwa hesabu ya sahani, maskini ni hasara. Kwa hesabu ya sufuria, maskini ni mchangiaji.

Wa tatu atasema: hoteli zinatoa ajira. Zinatoa. Binamu yangu anabeba sinia kwenye moja. Zialike mikutano, zialike wageni wa Saanane na Serengeti, sina ugomvi nazo. Hata yule mlinzi simlaumu. Hoteli ilituambia masharti yake mchana kweupe, sisi ndio tuliotia saini.

Wa nne, na huyu ndiye rafiki yangu, atasema: lakini ziwa ni zuri, kwa nini tulikose? Nani kasema tulikose? Ziwa ni la kwetu sote. Sheria ya Usimamizi wa Mazingira ya mwaka 2004, kifungu cha 57, inakataza shughuli za kudumu ndani ya mita 60 kutoka ukingoni mwa bahari, ziwa au mto. Maana yake ule ukanda wa mchanga tunaougombania haukukusudiwa kujengewa ukuta na mtu yeyote. Wapeni maharusi saa moja ya picha jioni, kwenye mwalo au pale mjini mbele ya Jiwe la Bismarck ambako maharusi wa Mwanza hupigiana zamu. Kisha warudi kwa watu wao, wakala na kucheza hadi kibali cha serikali ya mtaa kitakapokoma.

Na kama bado mmekaza shingo, mnataka ufukwe na lazima uwe ufukwe, basi angalau uchagueni kama watu wazima. Hapa nitawapa bure niliyojifunza kwa gharama.

Kagueni siku ya wiki na saa ileile ya sherehe, tena mkae mpaka taa ziwashwe. Ulizeni maji yalifika wapi ziwa lilipojaa: Mei 2020 lilipanda likaipita alama ya mwaka 1964, na mwaka 2024 likapanda tena, na fukwe nyingi mnazoziona kwenye picha za zamani zililiwa. Kumbukeni Novemba ni vuli; kama hakuna paa linaloweza kufunika watu wote, hakuna ukumbi hapo. Tazameni gugu maji, maana upepo ukigeuka linaweza kuujaza ufukwe kwa usiku mmoja. Na ninyi mnaomwambia bibi harusi akanyage majini pekupeku kwa ajili ya picha, kumbukeni kichocho: vimelea vyake hutoka kwa konokono wa maji yaliyotulia yenye majani, na havijali gauni la bei gani.

Na wanaokwenda Zanzibar, jueni bahari si ziwa. Letu halitoki likarudi, bahari inatoka. Upande wa mashariki, Paje na Jambiani, maji yakipwa hurudi mbali sana, mnabaki na tope na mashamba ya mwani wa akina mama. Tena huko jua huchomoza baharini, halizami. Nungwi na Kendwa ndiko linakozama, na maji hayaendi mbali kiasi hicho. Wakati wa bamvua tofauti ya kujaa na kupwa hufika kama mita 4. Mtu anayechagua tarehe bila kuuliza mwezi uko wapi, atafungia ndoa matopeni.

Lakini maswali yote hayo ni ya pili. La kwanza ni lile la Mjomba, ambalo tuliliuliza kwa Nungwi tukaacha kuliuliza kwa Ilemela: watu wetu tutawabeba na nini? Someni orodha yote kwa sauti kikaoni kabla ya kuangalia picha hata moja. Kila jina, ulizeni: huyu atafikaje, atapitaje getini, atarudije usiku daladala zikiisha. Jina likikosa jibu, tafuteni mahali pengine, jina lisiguswe. Sisi tulifanya kinyume. Tulipata mahali, tukakata majina.

Nimalizie kwenu waandishi wenzangu, maana hapa sote tumo. Nimesoma miswada ya wenzangu kadhaa, na wangu nikiwemo, na karibu yote inaishia ufukweni. Shujaa kampata mpenzi wake, upepo unavuma, wanafungishwa ndoa mchangani, mwisho. Hakuna mhazini. Hakuna aliyeahidi akatoroka. Hakuna shangazi aliyenuna kwa sababu ya kitenge cha sare. Hadithi zetu zimewafukuza watu walewale waliofukuzwa na orodha yangu, na kalamu ni ileile. Tunawafundisha dada zetu kuota harusi isiyo na majirani, halafu tunashangaa wakituletea picha za Nungwi.

Mimi ile sura ya mwisho nimeichana. Sasa naiandika upya, na inaanzia getini, na mwenye karatasi ni mimi. Ni ngumu kuliko ile ya machweo. Kila nikifika pale Bibi anapouliza karatasi kaiandika nani, nafunga daftari.

Bibi hakunisema hata neno. Alipoondoka Jumatatu yake nilimsindikiza hadi melini nikiwa nimemshika mkono, na njia nzima aliniuliza habari za biashara ya chaja. Juzi amenitumia salamu kwa simu ya baba mdogo: binamu yangu anaoa Juni, kamati imeshaundwa, na yeye mwenyewe ndiye aliyependekeza niwe katibu tena. Kikao ni Jumapili hii, nyumbani, chini ya mwembe. Daftari jipya nimeshanunua. Kalamu nyekundu sikununua.